Nani aliandika Marie-Claire? Jibu kwa fundi wa Kigoma

Swali: "Mimi ni fundi cherehani hapa Kigoma. Shule nilisomea Bujumbura, kwa hiyo Kifaransa nakisoma bila taabu. Mteja mmoja aliniachia kitabu cha zamani, Marie-Claire cha Marguerite Audoux, akaniambia mwandishi naye alikuwa mshonaji kama mimi. Nimekisoma mara mbili. Kaka yangu, ambaye ni mwalimu, ananiambia nisijidanganye: mshonaji asiyesoma hawezi kuandika hivyo, waliomwandikia ni wanaume wenye majina. Ni kweli? Na kama aliandika mwenyewe, mbona hajulikani? Mwisho, nikitaka kukitafsiri kwa Kiswahili naruhusiwa, na nianzie wapi?"

Jibu:

Dada yangu, umeuliza mambo matatu, lakini nahisi moja ndilo linalokuuma, lile la kaka yako. Nianze nalo. Hapana, hawakumwandikia. Ila tusimlaumu kaka, kwani uvumi huo hakuutunga yeye. Ulianza Paris mwaka uleule kitabu kilipotoka, 1910, na waliousema walikuwa na hoja kama yake: mikono iliyozoea sindano haiwezi kushika kalamu.

Kwanza tuweke sawa hilo neno "asiyesoma". Marguerite alizaliwa tarehe 7 Julai 1863 huko Sancoins, mji mdogo wa mkoa wa Cher, katikati ya Ufaransa. Mama yake alikufa kwa kifua kikuu yeye akiwa na miaka mitatu. Baba, seremala, akawaacha watoto na kwenda zake. Jina la ukoo wa baba lilikuwa Donquichote. Nilipolikuta mara ya kwanza nilidhani mtu anafanya mzaha, lakini ndivyo vitabu vya serikali vinavyosema. Audoux ni jina la upande wa mama, alilichukua baadaye. Aliishi miaka tisa katika nyumba ya yatima ya masista mjini Bourges, na huko alifundishwa kusoma, kuandika na kushona. Mwaka 1877 akapelekwa Sologne, nchi ya mabwawa, misitu na udongo wa mchanga usiozaa sana, akawa mchunga kondoo na mtumishi wa shamba. Yule msichana wa kitabuni anayeokota darini kitabu cha Télémaque na kukisoma kwa siri ni yeye mwenyewe. Kwa hiyo cheti hakuwa nacho, lakini kusoma alisoma. Kaka yako ni mwalimu, atakubali kwamba hayo ni mambo mawili.

Mwaka 1881 akaenda Paris akiwa na miaka kumi na minane, akaingia kwenye karakana za ushonaji. Miaka karibu thelathini iliyofuata ilikuwa ya sindano, njaa ya mara kwa mara, na baadaye macho yaliyoanza kufifia. Wewe unajua fundi anategemea nini kuliko vyote. Alikuwa akiandika usiku, kidogo kidogo, bila kumwambia mtu.

Sasa hao wanaume. Wapo kweli, na jinsi walivyoingia ndani ya hadithi ndiyo inayoeleza uvumi ulikotoka. Marguerite alikuwa akimlea binti wa dada yake, Yvonne. Yvonne akafahamiana na kijana mwandishi aliyejiita Michel Yell, naye ndiye aliyegundua kwamba mama mdogo mshonaji anazo karatasi. Kupitia kwake Marguerite akajuana na kikundi cha waandishi na wachoraji: Charles-Louis Philippe, Léon-Paul Fargue, Valery Larbaud, mchoraji Francis Jourdain. Jumapili walikuwa wakikutana Carnetin, kijiji kilicho karibu na mto Marne, wanakula, wanasomeana walichoandika. Jourdain ndiye aliyeupeleka muswada kwa Octave Mirbeau, mwandishi aliyekuwa na sauti kubwa Paris na mmoja wa wajumbe kumi wa Chuo cha Goncourt, kinachotoa tuzo maarufu ya riwaya. Mirbeau alisoma, akapigwa na butwaa, akahangaika hadi hadithi ikachapishwa katika jarida La Grande Revue, kisha kitabu kikatoka kwa mchapishaji Fasquelle kikiwa na dibaji yake. Desemba 1910 kikapata tuzo ambayo leo inaitwa Femina.

Unaona lilipoanzia. Jina la bwana mkubwa limetangulia mbele ya kitabu, jina la mshonaji liko nyuma yake, na mji mzima unajua kwamba bibi huyu anakula chakula cha Jumapili na waandishi. Wasemaji hawakuhitaji zaidi ya hapo.

Ila hesabu yao haitimii. Philippe, ambaye wengi walimshuku kwa sababu naye aliandika habari za maskini (baba yake alikuwa mchonga viatu vya mbao), alifariki Desemba 1909. Mirbeau alifariki Februari 1917. Marguerite alitoa riwaya ya pili, L'Atelier de Marie-Claire, mwaka 1920. Ya tatu, De la ville au moulin, 1926. Hadithi fupi chini ya jina La Fiancée, 1932. Na Douce Lumière mwaka 1937, mwaka aliofariki. Sauti ni ileile kuanzia kitabu cha kwanza hadi cha mwisho. Mwulize kaka ni marehemu yupi aliyekuwa akimwandikia mwaka 1926.

Msaada alipewa, hilo nalikubali. Rafiki anakusomea, anakuambia hapa pamelegea, pale umerudia. Kila mwandishi hupata msaada huo, na anayeupata akiwa profesa hakuna anayeuliza kitabu ni cha nani.

Hata hivyo ushahidi ninaouamini zaidi umo ndani ya kitabu chenyewe. Kifungue ukurasa wa kwanza. Kwa Kiswahili changu unaanza hivi: "Siku moja walikuja watu wengi nyumbani kwetu. Wanaume walikuwa wakiingia kama waingiao kanisani, na wanawake wakitoka walifanya ishara ya msalaba." Mtoto anapenya hadi chumbani kwa wazazi, anashangaa kuona mshumaa mkubwa unawaka karibu na kitanda cha mama. Anaona mikono ya mama imekunjwa kifuani. Basi. Neno "kufa" halijatamkwa. Msomaji amekwisha kuelewa, mtoto bado, na ule mwanya kati ya wawili hao ndio unaokubana koo.

Mirbeau asingeweza kuandika ukurasa huo hata angelipwa. Nampenda, lakini ni mtu wa hasira: anakamata sentensi na kuitikisa mpaka itoe uovu wa mapadri, matajiri na serikali. Philippe naye ana huruma, na huruma yake unaisikia ikisema. Audoux hakasiriki wala hakuombi umhurumie. Anaweka kitu mbele yako na kuondoa mkono. Unajua jinsi mshono mzuri usivyoonekana upande wa nje? Uandishi wake ndio huo, na hao mabwana hawakuwa nao.

Kuna kosa jingine ambalo ningependa usilifanye, nalo ni la upande wa pili: kudhani kitabu ni maisha yake neno kwa neno. Shamba la Villevieille la riwayani linatokana na shamba la Berrué, karibu na kijiji cha Sainte-Montaine, ambako alifanya kazi kweli. Kijana Henri Deslois anatokana na kijana halisi ambaye familia yake ilikataa aoe mtumishi. Lakini mwaka 1883, huko Paris, Marguerite alijifungua mtoto aliyekufa, na hilo hutaliona katika riwaya hizo mbili za Marie-Claire. Kitabu cha kwanza kinakomea kwenye gari moshi linaloelekea Paris. Cha pili kinaanzia karakanani. Katikati amekata. Fundi akikata kitambaa, kipande kinachobaki mezani hakikupotea kwa bahati mbaya, na wasomi waliochunguza maisha yake wameona kwamba alichokiacha nje ni kile kilichouma zaidi.

Mbona hajulikani, basi? Sababu ni nyingi na hazilingani uzito. Ile ninayoiona kubwa inatokana na sifa zenyewe alizopewa. Magazeti ya 1910 yalimsifu kama muujiza: mshonaji anayeandika! Picha yake mezani, sindano huku, kalamu kule. Kitabu kiliuzwa makumi ya maelfu ya nakala, kikafasiriwa mara moja; tafsiri ya Kiingereza ilitoka 1911 na dibaji ya mwandishi Mwingereza Arnold Bennett. Lakini muujiza watu huushangaa mara moja tu. Kitabu cha pili kilipotoka baada ya miaka kumi na vita kuu moja, mshangao ulikuwa umekwisha, na hakuna aliyekuwa amezoea kumsoma kama mwandishi.

Yeye naye hakuwa mtu wa kujitangaza. Aliandika polepole mno, alikaa orofa ya juu katika mtaa wa Léopold-Robert, Montparnasse, akalea watoto wa Yvonne kama alivyomlea mama yao. Fedha za kitabu hazikumfanya tajiri. Alifariki Saint-Raphaël, pwani ya kusini, tarehe 31 Januari 1937. Machi mwaka huohuo mfanyabiashara Jean Prouvost akaanzisha jarida la wanawake linaloitwa Marie Claire, na wengi husema jina lilitoka kwenye riwaya yake. Jarida hilo bado lipo. Ukimtajia Mfaransa jina Marie-Claire leo, atafikiria mitindo ya nguo, na hilo najua litakuchekesha.

Halafu kuna jambo la shule. Mwandishi Alain-Fournier alizaliwa mkoa uleule wa Cher, akamsoma Audoux, akaandika kumsifu katika jarida la Nouvelle Revue Française mwaka 1910. Miaka mitatu baadaye akatoa Le Grand Meaulnes, kitabu ambacho wanafunzi wa Kifaransa dunia nzima wamekisoma, pengine hata wewe Bujumbura. Wahakiki wamekwisha kuonyesha jinsi urahisi wa Audoux ulivyomfungulia njia. Fournier aliuawa vitani Septemba 1914, kijana na mwenye kitabu kimoja, na shule hupenda waandishi wa namna hiyo. Tuzo yenyewe ya Femina iliundwa mwaka 1904 na wanawake waliochoshwa na Goncourt. Mwanamke wa kwanza kupewa Goncourt, Elsa Triolet, alisubiri hadi 1945. Hiyo ndiyo hali ya hewa ambamo Audoux alikuwa akiandika.

Haya, tafsiri. Ruhusa unayo. Ufaransa haki za mwandishi hudumu miaka 70 baada ya kifo, hivyo za Audoux zilikwisha mwishoni mwa mwaka 2007, na vitabu vyake sasa ni mali ya umma. Tahadhari moja tu: toleo jipya likiwa na dibaji au maelezo ya msomi wa siku hizi, hayo ni mali yake, usiyaguse. Tafsiri utakayofanya itakuwa na haki zako wewe. Na tafadhali usitafsiri kupitia Kiingereza kwa kuwa eti ni rahisi. Kila mkono anaopitia, Audoux huongezewa maneno, na maneno ya ziada ndiyo yanayomuua.

Mitego iko mitatu ninayoijua. Wa kwanza ni ile "-ka-" yetu tamu. Kiswahili hupenda kusimulia kwa mnyororo: aliamka, akanawa, akatoka, akaenda. Audoux hafungi mnyororo. Kila sentensi yake inasimama peke yake kama mtu aliyeingia chumbani akanyamaza. Ukiweka "-ka-" kila mahali utaunganisha mambo ambayo yeye ameyaacha yasiunganike, na msomaji ataanza kusikia "kwa hiyo" ambazo hazimo. Itumie, lakini kwa mkono wa bahili. Na usije ukaongeza "kwa sababu mama alikuwa amefariki" ili kumsaidia msomaji.

Wa pili ni kiwakilishi. Kifaransa kina "il" na "elle". Sisi tuna "a-" moja ya watu wote. Kwenye sehemu ya kwanza kuna Sista Marie-Aimée na padri, na jambo lililo kati yao halisemwi wazi. Ukiandika "alitoka analia", nani katoka? Itabidi urudie jina mara nyingi kuliko yeye alivyofanya. Rudia, hakuna ubaya. Lakini heshima zetu zisivuke mpaka: mchunga kondoo wa Sologne asije akamwamkia mwenye shamba "shikamoo". Nimeliona hilo katika tafsiri moja ya kitabu kingine, nikafunga kitabu.

Wa tatu ni maneno ya kazi, na hapa ndipo nataka kukushawishi ubadili mpango. Umeuliza uanzie wapi, ukiwa unafikiria Marie-Claire. Ni kitabu bora kuliko vyote vyake, sitakuficha, na ni kifupi. Lakini L'Atelier de Marie-Claire kinaihusu karakana ya Madame Dalignac, wanawake wanaoshona, na mumewe mgonjwa anayetarizi kwa mashine. Kuna miezi ya kazi za kukesha, halafu ule msimu wanaouita "morte-saison" ambapo mashine zinanyamaza na tumbo nalo halina kitu. Kuna Sandrine, mama, anayekufa kwa kifua kikuu huku akishona. Mimi nina shahada mbili na ningeharibu kitabu hicho. Katika karakana za Ufaransa "bâtir" maana yake si kujenga, ni kupiga bandi. Mtu wa kamusi atamjengea mteja gauni. "Patron" ni tajiri wa karakana, na pia ni karatasi ya kukatia nguo. Hiyo "morte-saison" nimejaribu kuitafsiri mara tano na kila jaribio limenuka wino. Wewe na mafundi wenzako, kazi zikishakwisha baada ya Idi na Krismasi na hakuna anayeleta kitambaa, mnasemaje? Neno hilohilo ndilo ninalolihitaji, nami silijui.

Ubaya wa L'Atelier ni kwamba ni kirefu zaidi, kina watu wengi, na anayekianza bila kusoma cha kwanza hamjui Marie-Claire alikotoka. Hivyo nakushauri hivi: tafsiri sura moja ya L'Atelier kwanza, kama kujaribu kitambaa. Ikikaa vizuri, ufanye Marie-Claire yote, kisha urudi karakanani.

Kuna mambo ambayo barua kama hii haiwezi kukusaidia. Tafsiri ya kitabu kizima huhitaji jicho la pili, la mtu anayeshika kurasa zote mbili, Kifaransa kushoto na Kiswahili kulia, akusomee kwa sauti. Ukivuka kwenda Bujumbura kusalimia, pita Institut français uulize kama kuna mtu wa fasihi anayejua Kiswahili. Ukifika Dar es Salaam, Alliance Française wana maktaba. Mchapishaji akikuletea mkataba, usitie saini mezani kwake siku hiyohiyo, hata akiwa mchangamfu namna gani. Nenda nao kwa wakili, au uliza Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, COSOTA, hasa kama kuna kipengele kinachosema unauza haki zote kwa malipo ya mara moja. Na macho yakianza kukuchoka kwa kushona mchana na kuandika usiku, wahi kliniki ya macho. Yeye yalimtesa.

Umeniuliza pia, chini kabisa ya barua yako, kama umwonyeshe kaka kazi kabla haijakamilika. Mwonyeshe ule ukurasa wa kwanza tu, wa mshumaa. Usimwambie ni wa nani. Muulize kwanza mama amefanya nini, na atakapokujibu amekufa, mwambie akuonyeshe ni mstari gani uliosema hivyo.

Kuhusu jina la utani la yule mshonaji wa L'Atelier anayeitwa Bouledogue, yaani aina ya mbwa, usiliache kwa Kifaransa. Karakana yako haikosi mtu mwenye jina la namna hiyo.